Risasi Ndani ya Wanja

Wasichana wangu, na ninyi vijana wa kiume mlioingia kazi hii siku hizi, mikono yangu haiwezi tena kuchora nyusi mbili zikafanana. Ndiyo maana niliacha kiti. Lakini mdomo bado mzima, na mara nyingi mmeniuliza kwa nini nilikuwa mkali hivyo juu ya makopo. Kwa nini pommade, krimu ya kupaka, isiyo na maandishi haikuvuka mlango wa saluni yangu hata kama imeletwa na pasta. Leo nitawaambia. Sitajipendelea.

Nimefanya kazi ya nyuso miaka ishirini na sita hapa Durban, katikati ya mji, ghorofa ya kwanza, juu ya duka la simu. Dirisha langu lilitazama robot, taa ile ya barabarani ambayo taxi hazikuwahi kuiheshimu. Nilipotoka Bukavu nilijua kusuka tu. Uso nilijifunzia hapa, na nilianza vibaya.

Bibi harusi wangu wa kwanza nilimpaka chini ya taa ya tyubu, kwa poda ya rangi moja niliyokuwa nayo. Ndani ya saluni alipendeza. Tulipofika nje ya kanisa, jua la Durban likampiga, akawa wa kijivu kama mtu aliyeangukia kwenye gunia la unga. Shangazi wa bwana harusi akauliza kwa sauti, "Eish! Huyu amefufuka lini?" Watu walicheka. Bibi harusi hakucheka.

Mmoja wa waalikwa alikuwa mama mtu mzima wa Kiislamu, jirani wa bwana harusi kule Chatsworth. Alimshika bibi harusi mkono, akamwingiza kwenye gari, akatoa leso na chupa ya maji, akaufuta uso ule taratibu, akaacha macho na midomo peke yake. Alipomaliza, akanigeukia.

"Mwanangu, uso hautazamwi kwa taa. Uso unapelekwa dirishani. Nani alikufundisha?"

"Hakuna, mama."

"Basi njoo kwangu."

Huyo ndiye Bi Zuhura. Alizaliwa hapa hapa Durban, lakini wazee wa wazee wake walitoka pwani ya Afrika Mashariki, na Kiswahili chake kilikuwa cha maneno ya bibi yake, kimechanganyika na Kizulu na Kiingereza, nami nacho changu cha Kongo chenye Kifaransa ndani. Wakati mwingine tulielewana kwa mikono tu. Alikuwa amepamba maharusi wa watu wake zaidi ya miaka arobaini.

Alinifundisha hina: ikae usiku kucha kabla ya kuipaka, na ukitaka iwe nyekundu sana usiiharakishe. Alinifundisha kumpaka mtu kitu kipya nyuma ya sikio kwanza, kisha kungoja hadi kesho. Alinifundisha kunawa mikono mbele ya mteja, ili aone. Na alinifundisha wanja.

Wanja wake haukuwa wa dukani. Ulikuwa wanja wa manga, jiwe jeusi linalong'aa ukilivunja, kama vioo vidogo vidogo. Bibi yake alimwachia kipande kikubwa kama ngumi, na kilipokwisha alipata vingine kwa mahujaji na mabaharia. Alilisaga hadi likawa laini kuliko majivu, akalichuja kwa kitambaa cha hariri, akalitia kwenye kichupa cha shaba. Maharusi walipakwa huo. Na watoto wachanga walipotimiza arobaini, mama zao waliwaleta kwake awapake machoni, wapate nguvu ya kuona na jicho la hasidi liwapite. Nilikuwa namshikia watoto vichwa. Hakuna mtoto aliyelia mikononi mwake.

Jambo moja alilikataza kabisa. "Usiuze mkorogo," alisema. "Rangi ya mtu ni amana aliyopewa na Mungu. Ukiichubua, utajibu wewe." Nilimwitikia ndiyo, Bi Zuhura. Kisha nikarudi mjini, nikafanya nilichofanya.

Mnajua wateja wetu wanachotaka. Kila siku kulikuwa na mmoja aliyeuliza, "Mama Neema, haiko kitu cha kunifanya niwe clair, mweupe kidogo?" Saluni ya mtaa wa pili ilikuwa nacho. Mtu mmoja alikuwa akipita na ndoo ya krimu nyeupe kama maziwa ya mgando, bila jina, bila kitu. Nilinunua. Nilihamishia kwenye vikopo vidogo vizuri, na juu ya kila kopo nikabandika karatasi ya waridi yenye jina la saluni yangu. Hapo ndipo dhambi yangu ilipo. Mtu yeyote angeweza kuuza kitu asichokijua. Mimi niliweka jina langu.

Clarisse alikuwa binti wa kanisani kwetu. Alifanya usafi kwenye ofisi ya meli bandarini, msichana wa maneno machache, mwenye weusi mzuri sana, wa kung'aa kama kahawa mbichi ikishaoshwa… hapana, kama iliyokaangwa. Nisameheni, huzuni inanichanganyia maneno. Alikuwa anaolewa baada ya miezi mitatu. Mama mkwe alikuwa amesema neno kuhusu rangi yake.

"Mi nataka siku ya mariage tu," aliniambia. "Kisha naacha."

Ningeweza kumpeleka dirishani, nimwonyeshe uso wake kwenye kioo. Nilimpa kopo.

Mwezi wa kwanza alifurahi. Mwezi wa pili mashavu yalianza kuwaka na kubambuka, nami nikamwambia ni ngozi ya zamani inatoka, avumilie. Nilisema hivyo kwa uhakika kabisa. Mwezi wa tatu miguu ikavimba, kisha uso, macho yakawa vijistari tu, akaanguka kazini. Hospitali walisema ni mafigo.

Mama yake alikuja saluni siku ya Jumatatu asubuhi. Hakupiga kelele. Alisimama mlangoni na kanga yake begani.

"Docteur anauliza mutoto alikuwa anapaka nini. Kopo alilitupa likiisha. Iko nini ndani ya ile pommade?"

Wasichana wangu, ndoo ilikuwa nyuma ya pazia, hatua nne kutoka aliposimama. Nilimwambia, "Ni krimu ya kawaida, mama. Nitatafuta, nitaleta."

Niliipeleka Alhamisi. Siku tatu zile nilikuwa nafikiria polisi, karatasi zangu za ukimbizi, saluni yangu, watu wa kanisa. Nilifikiria vitu vyote isipokuwa mafigo ya Clarisse. Alhamisi nilibeba kikopo ndani ya mfuko wa plastiki, nikampa daktari, nikamwambia mimi ndiye niliyemuuzia. Aliipeleka kupimwa. Ilikuwa na zebaki. Akaniambia, bila hasira, kwamba siku tatu zile walikuwa wakitafuta ugonjwa mahali ambapo haukuwa.

Clarisse hakufa. Mafigo yalirudi, si yote. Uso ulipona ukiwa na madoa ya kijivu kwenye mashavu na juu ya mdomo, na madoa yale yapo hadi leo. Aliolewa mwaka uliofuata, bila rangi yoyote usoni, na yule mama mkwe akaketi mbele akiangalia chini. Mimi nilikaa benchi la nyuma. Clarisse ananisalimia hadi leo, "Bonjour mama," na anapita. Sijawahi kusikia neno la msamaha, wala sikuliomba mara ya pili.

Nilimwaga ndoo. Nilitangaza mbele ya akina mama wa kanisa, kila mwenye kopo la waridi alirudishe. Wengine walirudisha, wengine, na hili liwafundishe kitu, waliniuliza kwa siri kama limebaki hata kidogo.

Sasa nikuleteeni Mwalimu Nomusa. Alikuwa mteja wangu wa misuko, mwanamke wa Kizulu aliyekaa Glenwood na kufundisha mambo ya kale pale chuo kikuu. Misuko yake ilichukua saa nne, na saa nne zote alisoma kitabu. Baada ya mambo ya Clarisse nilikuwa nasuka bila kusema. Siku moja akafunga kitabu.

"Mama Neema, unanivuta nywele kama unang'oa magugu. Kuna nini?"

Nilimweleza. Tulizungumza Kiingereza, mimi kile changu kilichovunjika, lakini nawapa kwa Kiswahili. Nilimuuliza swali lililokuwa likininyima raha: "Nani alianza? Nani alikuwa mtu wa kwanza kusema uso huu hautoshi?"

Aligeuka kunitazama. Kisha akasema, "Sidhani walianza kwa kusema hautoshi."

Tangu hapo, kila alipokuja kusuka, alinipa kipande. Alianzia karibu. Aliniambia kuna pango kwenye pwani ya kusini ya nchi hii hii, ambamo walikuta makombe makubwa ya baharini yenye udongo mwekundu uliosagwa ukachanganywa na mafuta ya mifupa, umri wake kama miaka elfu mia moja. Hakuna ajuaye kwa hakika kama walijipaka mwilini au walipaka kitu kingine. Lakini mtu fulani alikaa chini, akasaga, akakoroga, akahifadhi. Nilipotoka siku ile nilipita sokoni kwa akina mama wanaouza udongo mwekundu, ule wanaouita ibomvu, wenyewe wameupaka mashavuni kuzuia jua. Nilisimama nikawatazama kama sijawahi kuwaona.

Akanieleza Iraki ya kale, jinsi walivyozikwa watu wakiwa na makombe madogo yenye rangi, nyeusi, nyeupe, nyekundu, kijani, kila mmoja na yake. Akanieleza Misri. Huko wanaume kwa wanawake, mfalme kwa mkulima, walipaka macho. Zamani sana kijani, ya jiwe la shaba; baadaye zaidi nyeusi. Walisagia juu ya vibao vya mawe vilivyochongwa kama samaki au kobe, na walizikwa navyo, kwa sababu hakuna aliyetaka kufika kwa miungu yake macho matupu. Waliamini wanja unalinda jicho dhidi ya jua na maradhi, na wapo wataalamu wa leo wanaosema huenda dawa zao nyingine zilisaidia kweli.

"Nyeusi waliitoa wapi?" niliuliza.

"Jiwe. Zito, jeusi, ukilivunja linang'aa. Ni madini ya *lead*."

Neno lile sikulijua, nikaliacha lipite. Nilikuwa nikimfikiria Bi Zuhura na jiwe lake, nikafurahi. Nilijiona nimesimama mwisho wa mstari mrefu wa watu wenye heshima. Baada ya aibu yangu, nilikuwa na njaa ya kitu cha aina hiyo.

Wiki chache baadaye akafika kwa Wagiriki na Warumi. Wanawake wao walitaka weupe, kwa sababu mwanamke mweupe ni yule asiyelima juani. Walichukua vipande vya madini wakaviweka kwenye mitungi pamoja na siki, hadi unga mweupe ukaota juu yake, wakaukwangua, wakaupaka. China nao walikuwa na unga wa mchele, kisha wakapata unga kama ule wa Warumi, na rangi nyekundu ya jiwe lenye zebaki.

Mikono yangu ilisimama kichwani mwake.

"Zebaki? Zamani hizo?"

"Zamani hizo. Na Warumi walijua kwamba ule unga mweupe ni sumu. Waliandika. Wakaendelea kuupaka."

"Unga huo wa Warumi ni wa nini?"

"Nimekwambia. *Lead*."

Nilifuta mafuta mikononi, nikachukua simu, nikatafuta neno lile kwa Kiswahili. Likaja: risasi.

Ninyi mliozaliwa hapa hamuwezi kujua neno hilo linavyotua kwa mtu wa Bukavu. Mimi nilikimbia risasi. Nilipita mipaka minne kwa ajili yake. Na sasa nilikumbuka jiwe jeusi linalong'aa, na vichwa vya watoto wa siku arobaini kati ya viganja vyangu.

"Mwalimu," nilisema, "jiwe la Misri linauzwa bado?"

"Kwa nini?"

Nilimletea unga kidogo wa jiwe alilonigawia Bi Zuhura, kiasi cha ncha ya kisu, ndani ya karatasi. Mwenzake wa maabara pale chuoni alilipima. Majibu yalikuwa mafupi. Karibu lote lilikuwa risasi.

Nilikaa na karatasi ile Jumanne nzima. Jumatano nikapanda taxi kwenda Chatsworth. Siku tatu nilikuwa nimeshazitumia maishani mwangu, sikuwa na nyingine za kuazima.

Bi Zuhura alikuwa uani anatwanga mkunazi wa kuoshea nywele. Alikuwa amepita miaka sabini. Nilikaa kwenye kibao, nikatafuta namna ya kuanza kwa adabu, sikuiona.

"Bi Zuhura, lile jiwe lina risasi."

"Risasi ya bunduki?"

"Hiyo hiyo. Madini yake. Inaingia mwilini, kwa mtoto ni mbaya zaidi. Inaharibu kichwa, masomo, damu. Wamelipima chuoni."

Hakusimamisha mchi mara moja. Alitwanga mara mbili tatu zaidi, polepole. Kisha akaulaza.

"Nimepakwa mimi. Kapakwa mama yangu, na bibi."

"Najua."

"Nimewapaka wanangu watano."

"Najua, Bi Zuhura."

"Na wewe nilikukataza mkorogo." Alicheka kidogo, cheko kavu ambalo sitaki kulisikia tena. "Nikakwambia utajibu wewe."

Nilianza kusema yale ambayo watu husema kumfariji mtu: hukujua, ulipokea kwa wazee, nia yako njema. Aliinua kiganja.

"Nyamaza, mwanangu. Nihesabie." Akaanza kutaja majina. Hakuwahi kuandika kitu, lakini alimkumbuka kila mtoto kwa mama yake: wa Khadija, wa Rehema yule mfupi, mapacha wa Asha. Alitaja wale ambao bado ni wadogo, nami niliandika nyuma ya bahasha. Walikuwa kumi na tisa.

Tulikwenda nyumba kwa nyumba, kila Jumatano, karibu miezi miwili. Wengi walicheka. "Bibi yangu alipakwa akafika tisini, Bi Zuhura." Baba mmoja alikasirika, akasema tunavunja sunna. Bi Zuhura alimjibu kwa upole, "Wanja upo, mwanangu, na usio na sumu upo. Mtume hakutuagiza kuwadhuru watoto." Mwingine alitushukuru, kisha tukasikia akisema nyuma ya mlango kwamba mzee ameanza kuchanganyikiwa. Bi Zuhura alisikia. Alishuka ngazi akishika ukuta, akaniuliza nyumba inayofuata ni ipi.

Ya mwisho ilikuwa ya Mariam, mshonaji. Binti yake Salma alikuwa na miaka tisa, na kila mtu mtaani alijua kwamba herufi hazimkai. Darasa la kwanza alirudia, la pili akarudia. Bi Zuhura alikuwa ameiacha nyumba ile mwisho kwa makusudi. Ndiyo mara pekee niliyomwona akiogopa.

Alieleza kama alivyoeleza kwingine. Mariam alizima cherehani. Salma alikuwa mezani, anapaka rangi picha ya nyumba, ametoa ulimi.

"Nilimleta kwako kila Ijumaa," Mariam alisema. "Hadi ana miaka mitatu. Macho yake yalikuwa yakitoa machozi, ukasema wanja utamponya."

"Nilisema."

"Kwa hiyo ndiyo maana?"

Wasichana wangu, nilikuwa nimekaa pale na maneno yangu yote ya Misri na Roma. Nilitaka kumsaidia mzee wangu. Lakini yeye alimtazama Mariam usoni.

"Sijui," alisema. "Huenda ndiyo. Huenda alizaliwa hivyo. Mpeleke akapimwe damu. Lakini mimi sijui, na usinitafutie udhuru."

Mariam alitufungulia mlango tukatoka. Hakuaga.

Alimpeleka kupimwa. Daktari alisema damu ya leo haiwezi kueleza yaliyopita miaka sita nyuma, kwa hiyo hawakupata jibu, na hawajalipata hadi leo. Baada ya mwezi mzima Mariam alikuja mwenyewe uani kwa Bi Zuhura. Nilikuwepo. Alikuwa amemshika Salma mkono, na Salma ameshika kitabu cha shule.

"Mimi nashona mchana kutwa," Mariam alisema. "Sina wakati wa kukaa naye. Utakaa naye wewe. Kila Jumamosi."

Hakusema tafadhali. Bi Zuhura hakumshukuru. Alivuta kibao kingine karibu na chake.

Walikaa hivyo Jumamosi baada ya Jumamosi, miaka minne. Bi Zuhura mwenyewe hakusoma sana. Alikuwa ameacha shule mapema. Walijikokota pamoja, herufi kwa herufi, kidole cha mzee juu ya kidole cha mtoto. Kuna siku walimaliza nusu ukurasa. Kuna siku mstari mmoja, kisha wakatwanga mkunazi. Wanja hakumtia tena mtu yeyote, na alipoulizwa na bibi harusi, alijibu kwamba macho aliyopewa yanamtosha.

Mara ya mwisho niliyomkuta akiwa hai alikuwa kitandani, macho amefumba, miguu imekataa. Salma alikuwa amekaa ukingoni mwa godoro, ana miaka kumi na tatu, anamsomea kitabu cha watoto wa miaka saba. Nilisimama mlangoni nisiwakatize. Alisoma neno, akakwama, akarudi nyuma, akakwama tena. Mimi nililiona neno kutoka nilipokuwa, nikafungua mdomo nimsaidie.

Bi Zuhura, bila kufumbua macho, aliinua kidole kunizuia.

Tukangoja, sisi watatu, hadi Salma alipolitamka mwenyewe.